Mnazi Usinywewe Kabla Sijafika

Naivasha, Jumapili

Mama yangu mpenzi,

Shikamoo. Na shikamoo ya pili ni ya Baba, umfikishie. Goti lako linaendeleaje? Na ile mihogo ya bondeni, nguruwe wamewaachia chochote mwaka huu? Sisi huku ni wazima, baridi tu ndiyo inatuonea. Kache ana meno sita, anatembea kwa kushika ukuta na kugombana na viatu. Karisa bado anaendesha trekta, mimi bado niko kwenye ghala la kufungia maua. Mtoto namwacha kwa jirani yetu, mama mmoja wa kutoka magharibi, upande wa ziwa kubwa.

Nimekuandikia kwa mkono, tena kwa herufi kubwa, ili usome mwenyewe kama unavyosoma Biblia yako. Usimpe mtu akusomee. Simu yako inapaza sauti hata ikiwa sikioni, na jambo hili sitaki lisikiwe na uwanja mzima.

Mama, kuna kitu kinapikwa, na mimi ndiye sijaambiwa.

Unajua nimekaa na Karisa miaka mitatu bila kadzama, ule mtungi wa mnazi wa kuolea, kuletwa kwetu Ganda. Unajua na aibu niliyokuwa nayo. Kila nikiuliza, kwao Junju kulikuwa na sababu: mara mvua, mara msiba, mara mbuzi bado wadogo. Sasa ghafla wana haraka, ati mahindi yakishavunwa tu wanakuja kwenu. Na mama yake Karisa ananipigia simu yeye mwenyewe! Huyu ambaye zamani akisikia sauti yangu alikuwa anasema, "Mpe mwenyewe simu." Leo mimi ni mwanawe.

"Mwanangu Dama, somo yangu hajambo?" Maana mtoto amebeba jina lake.

"Hajambo, Mama."

"Anakula ugali?"

"Anaonja."

"Na ziwa, bado hujamwachisha?"

Mara ya kwanza nikaona ni upendo wa bibi. Wiki ile ile akauliza tena. Mara ya tatu nikajua kuna neno.

Kisha Karisa akanionyesha picha kwenye simu yake, huku anacheka. Ni Pendo, mke wa kaka yake mkubwa, amevaa gauni jipya la maua ya manjano, na juu ya magoti ametandaza kigauni cha mtoto cha kitambaa hicho hicho. Unamkumbuka Pendo, ndiye aliyenikanda kwa maji ya moto nilipojifungua kule Junju. Miaka tisa katika boma lile na hajapata mtoto. Wenzake wote wanaitwa kwa majina ya watoto wao, yeye bado wanamwita Pendo.

Nikamuuliza Karisa, "Kigauni hicho kinakuja huku lini?"

"Kitangoja huko huko."

"Kinamngoja nani?"

Akazima simu. Nikamwekea chakula, nikakaa mbele yake mpaka akasema. Ati mama yake anaona Kache akishaacha ziwa apelekwe kwa Pendo, akae naye. Mtoto huita mwenzake, pengine na Pendo atapata wake.

"Na ndiyo sababu mnazi unakuja?"

"Mnazi unakuja kwa sababu ni mila."

"Miaka mitatu mila ilikuwa imelala wapi?"

"Dama, wewe umekuwa askari?"

Lakini mimi si mjinga, Mama. Mnazi ukishanywewa, mtoto ni wa Junju. Usiponywewa, ni wa kwetu Ganda, na wao hawana mdomo wa kumwita. Nilipomweleza jirani yangu, akacheka mpaka akashika mbavu. "Kwetu mtoto anafuata ng'ombe wa mahari," akasema. "Kumbe kwenu anafuata pombe?" Nikamwambia si pombe, ni mnazi. Ndiyo kwanza akazidi kucheka.

Neno lililoniuma ni la Karisa. Aliniambia, "Na wewe si ulilelewa na bibi yako, hawe wako? Ulikufa?" Kwa hiyo nakuuliza wewe, Mama, usikasirike. Nilipopelekwa kwa Hawe uliulizwa, au uliamka tu ukakuta nguo zangu zimefungwa? Ulilia? Hujawahi kuniambia, na mimi sikuwahi kuuliza, kwa sababu kwa Hawe nilipendwa.

Na kuna lingine. Tulipozungumza mwezi uliopita, wewe pia uliniuliza kama nimemwachisha ziwa. Nimelala na neno hilo na kuamka nalo. Je, watu wa Junju walishafika kwako? Mlishasikizana, mimi nikiwa huku nafunga maua?

Juzi mchana Pendo alinipigia simu. Nilijiandaa kumpa maneno yake. Akanisalimia vizuri, kisha akauliza kwa sauti ndogo, "Dada, Kache hulala upande gani? Wa ukutani au wa nje?"

Nikamwambia, "Wa ukutani. Wa nje huanguka." Akasema, "Haya, asante," akakata. Nimeshindwa kumchukia. Yeye angalau ameniuliza mimi.

Sasa sikiliza. Kadzama naitaka. Nataka niitwe mke wa mtu, na Kache awe na kwao kama watoto wengine. Lakini funda la kwanza la mnazi ni la bibi harusi, na hakuna wa kuonja badala yangu. Nimeomba likizo ya Agosti, nitakuja na Kache mgongoni. Wazee wakishakaa, nitasema mbele ya wote: mtoto analala kwa mamake, na Pendo tutamtembelea tukalale kwake siku nyingi kadiri apendavyo, mimi na mtoto pamoja. Wakikubali nitaonja. Wakikataa, warudi na mtungi wao.

Nasikia wanasema nitaulizwa kwa simu, nijibu ndiyo, basi. Waambie simu haina ulimi.

Na kama mmeshakunywa, Mama, niambie wewe. Nisisikie kutoka Junju.

Nisalimie Hawe, umwambie bado natumia leso yake kumbebea mtoto. Nisalimie shangazi wa Barani, lakini haya usimwambie, hana kifua. Kaka yangu mpe pole ya mguu. Na Baba umweleze asubuhi, kabla hajakwenda mangweni kunywa.

Nakupenda, na nangoja jibu lako kwa mkono wako mwenyewe.

Mimi binti yako,
Dama, mama yake Kache