Kilio cha Jikoni

Dada yangu,

Ujue duniani hajazaliwa fundi wa kutisha watu kumzidi mdogo wako. Hata majini wakiniona huomba ruhusa kupita. Tangu nianze kuwatembeza wageni katika nyumba yetu ya zamani, sifa zimevuka mji. Jana mwalimu mzima, ndevu hadi kifuani, alitimua mbio akaacha kiatu!

Nawasimamisha jikoni, nawaambia mama alifia hapa na bado analia akitutafuta. Kisha nazima taa, nalia kwa sauti nyembamba. Shangazi hunigombeza, "Mama yako hakuwa mtu wa kulia, we mwehu! Alikuwa mtu wa kucheka." Namjibu, "Shangazi, mzimu unaocheka nani atauogopa?"

Ila juzi, wageni walipoondoka, nilikaa pale jikoni nikajaribu kukumbuka kile kicheko cha mama kilichokuwa kikiwaudhi majirani. Hakikuja. Wewe ulikuwa mkubwa, dada, na wanasema unacheka kama yeye. Njoo, hata kwa siku moja. Mimi kila nikimwita mama kichwani, anakuja yule wa kulia niliyemtunga mwenyewe. Mama wa kweli nimempoteza.

Mdogo wako,
Domo