Goti la Mama Verna

Jumatatu, 15 Desemba 2025

Nimerudi kutoka Xintang miguu imevimba. Laoban, bosi wa kiwanda, ameapa jeans zangu zitakuwa tayari Ijumaa. Ijumaa ipi, hakusema.

Kwenye lifti nimemkuta yule mama wa ghorofa ya kumi na nne, mwenye msuko mmoja mrefu mweupe mgongoni. Miezi mitatu mimi na Muzdalifa, mwenzangu wa chumba, tunamsalimia kwa Kichina "ni hao", naye anatujibu "ni hao", tukidhani Mchina wa kaskazini huko. Leo lifti ikakwama ghorofa ya tano. Mama akapiga kelele kwa Kiingereza: Mungu wangu, si leo! Kumbe Mmarekani! Anaitwa Verna, anafundisha watoto Kiingereza. Na yeye miezi yote hiyo alidhani sisi tunakijua Kichina!

Dakika kumi tumefungiwa. Akaniambia tarehe 29 ni Wounded Knee, na huu ni mwaka wa kwanza hatakuwa nyumbani, hajui ataimaliza vipi siku hiyo peke yake. Machozi yakamlengalenga.

Kiingereza changu ni cha saizi, zipu na kontena. Lakini goti nalijua, na jeraha nalijua. Maskini! Anapasuliwa goti ugenini, hana mtu. Nikamshika mkono: pole sana, mama.

Akanishukuru mno. Mno kabisa, kwa neno moja tu la pole.

Jumatano, 17 Desemba

Nilikosea kumwambia Muzdalifa. Dakika mbili baadaye jambo liko kwenye grupu la Watanzania wote wa Guangzhou: MGONJWA. GOTI. OPERESHENI TAREHE 29. Tumwombee.

Muzdalifa ametoa chupa ya mafuta ya karafuu aliyoletewa na mama yake kutoka Unguja. Mwaka mzima kaninyima hata kuinusa. Anasema goti halimshindi Mzanzibari.

Samwel kapiga simu. Samwel ni ajenti wa mizigo bandarini Huangpu, na ni mwenyekiti wa kila kitu — chama, kwaya, harusi, misiba. Anasema Ijumaa tunakwenda kumwona mgonjwa rasmi. Rasmi! Tuvae vizuri.

Ijumaa, 19 Desemba

Sijui nianzie wapi. Nina aibu hadi kwenye kucha.

Tulikwenda watatu. Samwel na suti. Alipitia maduka ya Yide Lu akanunua soksi mbili za kukaza goti, na mkongojo wenye tochi, redio na king'ora. Kwa dharura, anasema.

Mama Verna kafungua mlango na soksi za sufu, akatukaribisha, akaenda jikoni mbiombio kutengeneza chai. Muzdalifa akaninong'oneza: anajikaza huyo, muone. Tukakaa. Samwel akasimama, akafumba macho, akaomba kwa Kiingereza na sauti ya kwaya: Ee Bwana, liguse goti hili. Kisha akauliza: ni la kulia au la kushoto?

Mama Verna akatutazama mmoja mmoja. Akasema: Wounded Knee ni mahali. Ni kijito.

Akakaa, akatueleza taratibu. Yeye ni Mlakota, kabila la wenyeji asilia wa Marekani. Mwaka 1890, tarehe 29 Desemba, wanajeshi wa Marekani waliwazunguka watu wake pale kwenye kijito, baridi kali, chifu wao amelala na homa ya mapafu, hawezi hata kusimama. Wakawa wanawanyang'anya bunduki. Risasi moja ikalia. Baada ya hapo mizinga kutoka mlimani. Watu karibu mia tatu, wengi wanawake na watoto. Waliokimbia walifuatwa bondeni. Theluji ikaanguka juu yao siku tatu, halafu wakatiwa wote shimo moja. Na askari wakapewa medali! Bibi wa mama yake alikuwa na miaka minane. Alikimbia, akapona.

Mimi sikuwa na pa kuweka uso. Muzdalifa chupa ya karafuu mapajani, machozi yanamtiririka. Na Samwel — jamani Samwel! — katika kuficha mkongojo nyuma ya kiti akabonyeza king'ora.

Kililia. Hakizimiki! Akakitia chini ya mto, akakikalia, kinalia tu, halafu na redio ikawaka, mwanamke wa Kichina anaimba. Mama Verna akaweka mkono mdomoni. Nikajua tumefukuzwa.

Akacheka. Alicheka mpaka akalia, akalia mpaka akacheka tena. Akasema kwamba tangu afike China hakuna mtu aliyewahi kumpa pole. Eti tumekosea goti, lakini pole tumeifikisha penyewe.

Jumamosi, 20 Desemba

Nimerudi peke yangu kumwomba radhi. Hakutaka radhi, alitaka kujua kwetu Songea ni wapi.

Nikamwambia: kwetu Wajerumani walikuja. Wazee wakapewa maji, wakaambiwa risasi zitageuka maji. Babu wa babu yangu aliyanywa. Februari 27, 1906, wakanyongwa wengi siku moja, wakatiwa shimo moja.

Akasema: sisi yalikuwa mashati. Walicheza ngoma ya kuwaita wafu warudi, wakavaa mashati wakiamini risasi haipiti.

Mashati yao, maji yetu. Tukakaa tu, tunaitazama chai.

Halafu akauliza kila Februari mimi nafanya nini. Hapo ndipo nilipobanwa. Kusema kweli, makumbusho ya vita hiyo nimeingia mara moja, darasa la tano. Ninachokumbuka ni andazi.

Jumanne, 23 Desemba

Kamati ya tarehe 29 imeundwa. Bila shaka! Watanzania wanne wakikaa sehemu moja kamati inaota yenyewe.

Samwel mwenyekiti. Anataka sare, MC, na keki yenye umbo la farasi. Muzdalifa kamkatalia: "Kaka Samwel, hii hitima au send-off?" Mama Verna alipoulizwa anataka nini alisema vitatu: supu, majina yasomwe, na safari. Kwao wanapanda farasi siku nyingi kwenye baridi, wanafuata njia ile waliyopita marehemu.

Farasi Guangzhou! Samwel kafikiri, kidole kwenye kidevu. Akasema: baiskeli. Hizi za kukodi za barabarani, unaskani kwa simu, unakanyaga. Twende nazo kando ya mto.

Nikamtazama Mama Verna kwa hofu. Akasema farasi wa mjomba wake ni mkaidi kuliko baiskeli yoyote. Imepita!

Alhamisi, 25 Desemba

Krismasi. Misa, pilau, usingizi. Jeans bado.

Jumamosi, 27 Desemba

Muzdalifa hajawahi kupanda baiskeli maishani. Anasema kwao walipanda kaka zake tu. Leo nimemfundisha kwenye uwanja wa nyuma. Baibui limeingia kwenye mnyororo, yeye kaingia kwenye toroli la muuza machungwa. Mwenye toroli kapiga kelele, Muzdalifa kamjibu Kiunguja, wote wawili wameelewana vizuri sana.

Goti limechubuka. La kulia! Hatimaye goti tumelipata. Amevaa moja ya zile soksi za Samwel na mafuta ya karafuu juu. Nimemwambia abaki nyumbani Jumatatu, asijiumize. "Nibaki? Watoto wale walikimbia kwenye baridi ile, Albina. Miye nishindwe na mchubuko?"

Jumatatu, 29 Desemba

Naandika nimekaa kwenye ukingo wa njia, kando ya mto. Saa nne na nusu asubuhi. Tumesimamishwa.

Tulianza vizuri. Watu kumi na mmoja, baiskeli kumi na moja, Mama Verna mbele na msuko wake. Muzdalifa nyuma kabisa, anapiga kengele na kusoma dua. Hapa kwenye miti tukaziegesha ili majina yasomwe. Mama Verna hakuleta majina yote. Kaleta ya ukoo wake tu, kumi na moja, kila mmoja karatasi yake. Muzdalifa kasoma lake. Samwel kasoma lake, na ile sauti yake kubwa ikakatika katikati. Sikuwahi kuisikia ikikatika.

Zamu yangu ilikuwa inafuata. Karatasi yangu haina jina. Imeandikwa: mtoto wa kike, miezi miwili.

Hapo ndipo mlinzi wa bustani alipokuja. Mzee, mpole, simu shingoni. Akazungumza na simu, simu ikatutafsiria kwa Kiswahili: "Habari za jioni, maua wapendwa. Mkusanyiko lazima uandikwe." Hakuna aliyethubutu kucheka. Akatoa fomu. Kwenye sababu Mama Verna akaandika: msiba. Mzee akaisoma kwenye simu yake, akavua kofia. Akauliza lini. Samwel akamwonyesha: 1890. Mzee akahesabu kwa vidole, akaacha, akatutazama Waafrika kumi na huyu mama.

Fomu ina safu ya mwisho. Simu inasema: "uhusiano na aliyekufa".

Mama Verna kajaza yake. Samwel, bila hata kupepesa, kaandika: mjomba. Muzdalifa kafikiri kidogo, kaandika: shangazi, upande wa baba. Mzee anasoma kila mstari, anaitikia kwa kichwa, anapokea.

Sasa imefika kwangu. Nimejaza jina, nimejaza namba ya pasi. Safu ya mwisho bado. Nimeomba dakika moja, nikafungua daftari hili nijaribu kwanza hapa nione kama litaandikika. Miezi miwili. Hata kukaa alikuwa hajaanza. Mama Verna anatazama mto. Mzee kasimama, kofia mkononi, hana haraka. Muzdalifa ananisukuma kwa kiwiko: "Andika, shoga. Mtoto kama huyo hawezi kukosa mama." Haya: mama. Limeandikika.