Picha Zisizo na Majina, Ukumbi wa Walpa Bore

KITUO CHA POLISI, WALPA BORE
MAELEZO YA SHAHIDI

Jina: Noreen Brumby
Umri: Miaka 52
Kazi: Mtunza picha na sauti, Nyumba ya Kumbukumbu
Makazi: Nyumba ya tatu baada ya duka, Walpa Bore
Yahusu: Kuvunjwa kwa skrini ya ukumbi na kuumia kwa Callum Reidy

Mimi ndiye niliyetajwa hapo juu. Natoa maelezo haya kwa hiari yangu, siku moja baada ya tukio. Mimi nasema na Sajini anaandika.

Kwa miaka ishirini na moja tulitumia programu moja ya kompyuta kuhifadhi picha, nyimbo na hadithi za watu wetu, wenyeji wa asili wa jangwa hili la Australia. Tuliiita Kami, yaani bibi, kwa sababu ilikuwa nzito kuamka asubuhi na ilijua kila mtu ni mtoto wa nani. Mtu akifariki, nilifuta jina lake ndani ya Kami na kuifunika picha yake. Kwetu jina la marehemu halitamkwi na sura yake haionyeshwi mpaka familia yenyewe iseme sasa basi. Kabla ya hapo marehemu tunamwita Kunmanara, na aliye hai mwenye jina kama lake naye tunamwita hivyo hivyo. Sajini anayeandika hapa ana jina sawa na la mtoto wetu aliyefariki mwaka jana. Tangu hapo sijamwita kwa jina lake, na yeye anajua sababu.

Mwaka huu tuliambiwa Kami amechoka, waliomtengeneza hawapo tena na kompyuta mpya hazimkubali. Callum Reidy, kijana wa kampuni moja ya Adelaide, akaja kutuhamishia kwenye programu mpya. Ni mtu mpole, na watu walimtania. Mzee Hector, mwenyekiti wa kamati, alimwambia, "Wewe unamstaafisha bibi yetu, sasa nani atamlea?" Callum alicheka mpaka chai ikampalia.

Mnamo tarehe 3 Septemba, katika kikao cha kamati, Callum alituuliza, "Hizi picha zilizofunikwa, zisizo na majina, ni za akina nani?" Sote tulitazama chini, na mimi nikiwemo. Hector aliinuka akaenda kuongeza kuni. Kwetu kunyamaza vile ni jibu kamili, hata mtoto analielewa. Callum alisubiri kidogo, akasema, "Sawa, hamna shida," akabonyeza kitu kwenye kompyuta yake. Sasa najua alielewa nini. Alielewa kwamba tumewasahau, akazifunua ili tusaidiwe kuwatambua.

Mnamo tarehe 14 Septemba, siku ya kumzima Kami, nilipita asubuhi kwa dada yangu Dulcie Brumby. Mwanawe alifariki kwa ajali ya gari mwaka jana, na tangu hapo dada alikuwa hatoki. Mtoto wa dada yangu ni mtoto wangu. Huyo nimembeba mgongoni. Nilimwambia, "Dada, twende. Mikia inaokwa shimoni tangu alfajiri."

"Mikia ya nani?"

"Ya kangaruu. Wangu bado naukalia."

Alicheka. Sikuwa nimemsikia akicheka tangu msiba. Kisha akaniuliza, "Na picha, zimefungwa?" Nikamjibu, "Zimefungwa, dada." Niliamini hivyo.

Tulifika ukumbini saa tano. Watu walikuwa wengi, na karibu wote walikuwa wameshawekewa programu mpya kwenye simu zao. Callum alimzima Kami, tukapiga makofi, wengine wakajifanya wanalia. Akafungua ile mpya kwenye skrini kubwa ukutani. Kumbe programu hiyo ina desturi yake: ikikuta picha ya mtu asiye na jina, inaitanguliza mbele ili watu wasaidie kumtambua. Ilianza na ya karibuni kabisa. Alikuwa mtoto wetu, amevaa jezi ya timu, anacheka, ameenea ukuta mzima. Chini yake paliandikwa: "Huyu ni nani? Tusaidie kumtambua."

Wanawake walijifunika macho wakaanza kilio cha msiba. Hector aliipa skrini mgongo. Mimi nilikuwa nimeshika sahani ya keki na nilishindwa kuiweka chini. Callum alikuwa anatazama kompyuta yake, akasema kwenye kipaza sauti, kwa upole kabisa, "Kuna mtu anamfahamu?"

Dulcie hakulia. Alitoka nje akarudi na koleo la kufukulia mikia, bado lina majivu, akaipiga ile skrini. Wakati huo Callum alikuwa ameshaona kuna jambo, akakimbia kuchomoa waya chini ya skrini, na kioo kilichokuwa kinadondoka kikamkata juu ya jicho. Nilikuwa karibu nao. Koleo halikumgusa. Dada hakumlenga, na sidhani kama alimwona. Nasikia wanataka kumpeleka mahakamani Alice Springs kwa kosa la kumshambulia mtu. Hilo si kweli, na nataka liandikwe hivyo.

Skrini ilizimika. Nikadhani yamekwisha. Ndipo simu zikaanza kulia mifukoni mwa watu, moja baada ya nyingine. Yangu ililia ndani ya mfuko wa gauni, nikaitazama bila kufikiri. Alikuwa yeye tena, na swali lile lile. Watu walizitupa simu zao nje kwenye mchanga. Mimi yangu sijui niliitupa wapi.

Callum alikuwa amekaa sakafuni, damu inamtiririka usoni. Aliniambia, "Shangazi, si mngeniambia." Nikamjibu, "Tulikuambia, mwanangu." Alinitazama kama mtu aliyepigwa mara ya pili.

Dulcie aliliweka koleo chini mwenyewe. Aliniambia, "Mdogo wangu, wananiuliza mimi huyu ni nani. Mimi niliyemzaa." Sajini alipofika, dada alimnyooshea mikono afungwe pingu. Mpaka sasa programu mpya imezimwa, na Kami haamki tena.

Sajini ameniuliza jina la mtu aliyekuwa kwenye picha, kwa sababu mahakama italitaka. Silisemi. Dada naye akiulizwa hatalisema, na kama hilo nalo ni kosa, mtufunge sote wawili.

Niliyoyaona na kuyasikia ni haya. Nimesomewa, na ndivyo nilivyosema.

Sahihi ya shahidi: N. Brumby
Tarehe: 15 Septemba

Maelezo ya ofisa: Nimemsomea shahidi maelezo yake kabla hajatia sahihi. Callum Reidy, niliyemhoji kliniki, amesema vivyo hivyo kuhusu koleo. Nafasi ya jina la mtu wa kwenye picha nimeiacha wazi.

Yameandikwa nami,
Sajini Kunmanara Whitlock