Sahani Zilizorudi Tupu

Alhamisi, 5 Machi 2015

Leo hatukusoma. Darasa limegeuzwa kituo cha kupigia kura. Wanafunzi tuko wawili tu, mimi na Corey wa miaka saba, kwa hiyo hakuna aliyelalamika.

Watu wazima kumi na tisa, swali moja: tukihame kijiji chetu, Ghuba ya Vardy, ndiyo au hapana? Ikipita, serikali itatulipa fidia na kutuhamisha sote, kisha feri itasimama na umeme utakatwa. Zinatakiwa asilimia tisini. Mimi nina miaka kumi na sita, sina kura. Ningekuwa nayo ningeandika NDIYO mpaka kalamu ivunjike.

Figo za Mama zimechoka. Daktari amesema ikifika Julai atahitaji kusafishwa damu mara tatu kwa wiki. Mashine iko mjini, mwendo wa saa sita kutoka hapa, siku ambazo bahari imekubali. Kuhama peke yetu hatuwezi. Nani atanunua nyumba ya hapa? Na Baba ataifanyia nini mashua yake mjini?

Mjomba Garf (huyu ni mjomba wa kila mtu) ametoka akitangaza kwamba ameandika hapana, na atakayetaka kumng'oa aje na winchi. Watu wamecheka.

Nilimsindikiza Mama mpaka mlangoni. Kizunguzungu kikimshika huangukia kushoto, kwa hiyo mimi hutembea kushoto.

Ijumaa, 6 Machi

Ndiyo 17. Hapana 2.

Nimepiga hesabu mara nne. 89.47! Kura moja tu!

Hapana moja ni ya Mjomba Garf. Ya pili — hakuna aliyetaja jina, lakini macho yote yalikwenda kwa Bibi Effie, mama yake Baba. Babu amezikwa kilimani, juu ya kanisa, na mdogo wake Baba kando yake, na kila Jumapili Bibi huwafagilia theluji. Nani mwingine angekataa?

Bibi hakusema ndiye, hakusema siye. Alifunga skafu yake akaenda nyumbani. Mama alikuwa mweupe kama karatasi. Nikamshika mkono wa kushoto.

Jumamosi, 7 Machi

Jumamosi Bibi huoka mkate. Mmoja kwa kila nyumba, juu ya sahani, chini ya kitambaa, na mpelekaji ni mimi. Sahani ya jirani hairudi tupu, hata mtoto anajua. Huwekwa mayai mawili, jemu kidogo, au kipande cha chewa aliyetiwa chumvi.

Leo zimerudi tupu. Sita kati ya saba. Ya saba, ile ya Bi. Ruby Hiscock, imerudi na mkate wake juu. Alisema siku hizi hawali mkate sana. Mumewe akasema kutoka jikoni kwamba Effie awapelekee wafu wake, hao ndio anaowapenda.

Bibi aliziosha sahani ambazo hazikuwa chafu.

Na mimi sikula mkate wake. Naandika ukweli hapa, kwa kuwa hakuna atakayesoma.

Jumatatu, 9 Machi

Mama ametapika mara mbili. Feri haikuja, upepo. Nimejaribu kusoma. Nimerudia ukurasa uleule mpaka giza likaingia.

Jumatano, 11 Machi

Hakuna aliyemwekea Bibi kuni mlangoni wiki hii. Kwa Mjomba Garf zimewekwa kama kawaida! Nimelifikiria sana hilo. Garf alikataa hadharani, wakamtukana, wakamaliza. Bibi amenyamaza, na aliyenyamaza kila mtu humjazia maneno anayotaka.

Lakini mimi pia nimemjazia. Nilikwenda kwake baada ya shule, nikasimama mlangoni bila kuvua buti, nikasema, "Bibi, makaburi hayahitaji daktari. Mama anahitaji."

Mimi! Ambaye kumsalimia tu mwalimu wetu, Madam Pelley, natazama sakafu.

Alisukuma kikombe upande wangu. "Kunywa chai, Dulcie," akasema. "Inapoa."

Sikunywa.

Jumamosi, 14 Machi

Sahani saba, tupu.

Mama alinikuta nyuma ya nyumba nikiwarushia shakwe mkate wetu. Akaketi juu ya gogo. Nikadhani ni kizunguzungu, nikakimbilia kushoto.

"Ile kura ni yangu," akasema.

Sikuelewa. Akarudia. Halafu akanieleza polepole, kama mtu anayesoma dawa alizoandikiwa. Kwamba hawezi kuwang'oa watu kumi na wanane kwa ajili ya figo zake. Kwamba akienda huko labda atapata mwaka, labda miwili, kisha atakufa, na sisi tutabaki ugenini, Baba bila bahari, Bibi bila kaburi la kufagia. Kwamba alipoishika kalamu aliandika ndiyo moyoni, mkono ukaandika hapana.

Bibi anajua. Mama alimwendea jioni ileile ya kura kumwambia. Bibi akamkataza kusema kwa mtu. "Mimi nina mabega ya zamani," alimwambia. "Wewe hata figo huna."

Mama alicheka aliponisimulia hilo. Mimi nikalia. Sikujua nimkasirikie nani. Kwa hiyo anataka kufa? Na mimi nihesabiwe wapi — miongoni mwa wale kumi na wanane? Sikuuliza. Mimi siulizi kamwe, naandika tu.

Baba hajui. Sasa siri hii nimeibeba na mimi, na mabega ya zamani sina.

Jumapili, 15 Machi

Kanisani benchi la Bibi lilikuwa na mtu mmoja, Bibi. Niliondoka kando ya Baba nikatembea hadi mbele, watu wote wakinitazama mgongo. Nikaketi. Nilikuwa nimeandaa maneno ya kuomba msamaha tangu alfajiri, nimeyaandika hata. Hayakutoka. Yeye akasogeza kitabu chake cha nyimbo katikati yetu ingawa nilikuwa na changu.

Baadaye tulifagia theluji makaburini. Nikamwambia najua. Akaendelea kufagia.

"Babu yako alipokufa," akasema, "nilifunga mlango miezi minne. Sikumfungulia mtu. Nikajisifu kwamba hiyo ni nguvu. Ilikuwa kiburi, mjukuu wangu. Na mama yako, Glenda, naye amefunga mlango."

Nikauliza kama tuwaambie watu. Akasema si lake kusema, wala si langu.

"Wanakuchukia, Bibi."

"Watachoka. Na mkate nitakula mwenyewe, ninenepe."

Lakini ufagio aliushika vibaya, kama mtu aliyepoteza nguvu za vidole.

Jumatatu, 16 Machi

Nimemwambia Mama ile habari ya mlango, neno kwa neno. Alizima redio, akaketi jikoni peke yake. Sijui kama nimefanya vizuri. Sioni kitu kitakachokwenda vizuri.

Jumatano, 18 Machi

Saa tisa alasiri. Naandika nikiwa ukumbini, daftari juu ya goti. Wote wapo. Mama amekuja, Baba alimkataza, amekuja. Ameketi kati yangu na Bibi.

Bi. Ruby anataka tuandike barua tuombe kura ya pili. Amesema "aliyekataa" afikirie upya, akimtazama Bibi. Mjomba Garf ameinuka akasema, "Effie, mimi na wewe tuoane tu, tubaki hapa wawili!"

"Afadhali nihame," Bibi akasema.

Ukumbi umecheka. Kicheko cha kwanza baada ya wiki mbili! Nikafikiri, labda yatapita.

Lakini Bi. Ruby hakucheka. Anamuuliza Bibi waziwazi, Glenda ameketi pale ubavuni kwako, mwambie usoni kwa nini ulikataa.

Bibi anatazama mikono yake.

Mama ameshika mgongo wa kiti cha mbele kwa mikono miwili. Anainuka. Bibi amemvuta koti aketi. Mama ameuondoa mkono wake taratibu, kidole kimoja kimoja.

Amesimama. Watu wamegeuka. Baba amegeuka. Mama anafungua mdomo, na naona anaanza kuyumba.

Mimi niko upande wake wa kulia. Naweka daftari chini, nahamia kushoto.