Sakafu ya Mzee Halvor

Jumatatu, 6 Machi 2006
Neema kamwaga uji ndani ya kiatu changu cha kazi sasa hivi. Kisha kanitazama, kacheka: "Shoe hungry, Mama." Eti kiatu kina njaa. Mimi Kiswahili, yeye Kiingereza. Nimeshindwa kumgombeza. Nitaenda na kiatu kibichi.

Leo zamu ya Mzee Halvor, mtaa wa Lidcombe, huku huku ugenini. Profesa mstaafu, Mnorwe. Miaka arobaini anakusanya nyimbo za kubembelezea watoto za huko kwao. Mimi namfanyia usafi na chai. Jumamosi atahutubia Wanorwe wenzake. Anasema ndiyo mara ya mwisho, macho yanakwisha.

Jumanne, 7 Machi
Nimeharibu. Jana nilikuta karatasi zimetapakaa sebuleni, zulia zima. Nikaona uchafu. Nikaokota moja moja, nikafunga na mpira, nikapitisha mashine ya kufyonza vumbi. Nikajisifu.

Leo mzee kapiga simu. Zile karatasi zilikuwa zimepangwa. Kila moja wimbo mmoja, na zote pamoja ndiyo hotuba yake. Miezi miwili kazipanga. Namba hakuandika, mkono unatetemeka. Sakafu ndiyo ilikuwa daftari lake.

Hakufoka. Afadhali angefoka.

Baba Neema kasikia, kacheka: "Mama Neema, umefagia maisha ya mzungu wa watu!" Nimelia jikoni.

Jumatano, 8 Machi
Nimekumbuka! Namfunga Neema kamba za viatu, mara namwona mama yangu kambi ya wakimbizi kule Kigoma, na ufagio, ananifundisha. Anza kona ya mbali. Rudi kinyumenyume mpaka mlangoni. Usiruke hata hatua. Sijawahi kufagia vingine maisha yangu yote. Na karatasi nilizibeba vilevile, mstari kwa mstari, ya mlangoni ikawa juu kabisa.

Basi hazijachanganyika!

Si zamu yangu. Nimeenda, Neema mgongoni. Zulia la mzee lina miraba, kila karatasi ilikuwa na mraba wake. Nimeanza mlangoni, nikapanga kwenda dirishani. Sijui neno hata moja la Kinorwe. Magoti yanauma. Mzee ananitazama tu. Nikaogopa.

Nilipomaliza, kachukua lenzi yake, kainama. Ya kwanza. Ya pili. Ya kumi. Akaanza kuimba. Sauti mbovu, jamani! Neema kapiga makofi.

Zote ziko mahali pake.

Tumeziandika namba pamoja, yeye anataja, mimi naandika.

Jumamosi, 11 Machi
Ukumbi umejaa. Hajakwama hata mara moja. Bibi mmoja kalia, kasikia wimbo wa mama yake. Watu wakasimama wote. Halafu mzee kaninyooshea kidole: huyu ndiye aliyenirudishia hotuba yangu. Mimi! Wa darasa la sita! Nimesimama na gauni la kitenge, Neema kalala begani, nimejiona mrefu kama mlingoti.

Baba Neema njiani: "Haya, ukafagie na chuo kikuu sasa."

Nina furaha mpaka mwili unauma.

Jumatatu, 13 Machi
Mvua ndogo. Mzee kanipa karatasi moja, tupu. Anataka wimbo wa mama yangu, na jina la mama yangu juu yake. Nimeandika jina. Herufi zimenyooka. Wimbo najaribu hapa kwanza, nisije nikakosea. Mstari wa kwanza ninao. Wa pili mama aliuimba polepole, ananipapasa mgongo, unaanza na… Neema ananiita. Nakuja, mama, nakuja.