Taarifa ya Msiba Iliyojificha Ndani ya Kompyuta

KUMBUKUMBU ZA KIKAO, CHAMA CHA MAZIKO CHA AKINA MAMA, DIRE DAWA
Jumapili, 9 Hidar kwa kalenda ya Ethiopia, saa tatu asubuhi, chumba cha chama

Waliohudhuria: Yeshimebet (Mwenyekiti), Idil (Mtunza Vyombo), Ayantu (Katibu), na wanachama kumi na wanane.

Hakuwepo: Damitu. Hiki ni kikao cha tatu unachokosa, Damitu, na kutoka kwako hadi hapa ni hatua arobaini. Nimezihesabu. Miguu yako ina nini? Nakala hii nakuletea mwenyewe, mimi Katibu, uisome yote.

KUMB. NA. 1/9: KOMPYUTA
Mwenyekiti alieleza kwamba fundi alimfungulia kila kiongozi jina lake la kuingilia kwenye kompyuta ya chama, na lugha yake: yeye Kiamhara, Idil Kisomali, Katibu Kioromo. Lakini kahawa ikimiminwa, mtu huondoka akaacha jina lake wazi, na kwa desturi haruhusiwi kuinuka kabla ya kikombe cha tatu. Mwingine hukaa palepale. Juzi Mwenyekiti alirudi akakuta kwake kumegeuka Kisomali, akadhani chama kimefutwa. Idil alisema hakufuta kitu, alitaka kusoma tu. Nani alikuwa ndani ya jina la nani, haikujulikana.

KUMB. NA. 2/9: MSIBA WA MAMA YAKE DAMITU
Idil alieleza kwamba siku hizi hema na mabenchi hutoka akiona taarifa kwenye kompyuta. Siku ile alitazama asubuhi na mchana, hakuona kitu. Damitu akapokea waombolezaji juani, jambo ambalo halijawahi kutokea chamani. Mwenyekiti alishikilia kwamba taarifa iliandikwa.

Idil alisema: "Iliandikwa wapi, mama? Kwenye paji la uso wako?"

Fundi alipigiwa simu. Alisema kila jina lina chumba chake, na kilichowekwa chumba hiki hakionekani kile. Aliombwa arudie mara tatu. Wanachama hawakuelewa. Vyumba vilifunguliwa kimoja kimoja. Taarifa ilikutwa kwenye chumba cha Katibu.

Katibu alisimama, akasema: "Ni mimi. Niliona maandishi yanang'aa, nikadhani mji mzima unayaona."

Idil alisema: "Kaa, bibi. Herufi zenyewe ulijifunzia kwenye magunia ya kahawa." Watu walicheka. Katibu hakucheka.

KUMB. NA. 3/9: MAAMUZI
Taarifa zitawekwa chumba cha wote, kwa lugha tatu, na mpiga mbiu wa zamani atarudi kutangaza misiba mitaani. Anayekwenda kunywa kahawa afunge jina lake. Mwenyekiti aliuliza linafungwaje.

Damitu amefunguliwa jina, kwa Kioromo. Hema litasimama kwake siku ya arobaini.

Kikao kilifungwa saa sita, baada ya kikombe cha tatu.

Yeshimebet, Mwenyekiti
Ayantu, Katibu

Damitu, Jumapili ingia bila hodi. Kaa kwenye kiti changu, uandike mwenyewe taarifa ya arobaini ya mama yako, na usiguse kahawa mpaka Idil aseme ameiona taarifa hiyo.