Geti Linalopakwa Rangi Kila Mechi

Baba mpendwa,

Shikamoo. Nakuandikia nikiwa mezani jikoni kwangu, goti nimelinyoosha juu ya kiti cha pili, na ukiacha hilo goti mimi ni mzima wa afya. Bega lako linaendeleaje? Na kikohozi cha Mama kimepungua, au bado anakitibu kwa kukikemea? Mwambie viatu nilivyomtumia ni vya kuvaa, si vya kupamba kabati.

Utajiuliza kwa nini nimeandika badala ya kupiga simu. Baba, kila nikipiga na kutaja mpira unaniambia haya, ongea na mama yako, na simu imeshahama mkono. Barua huwezi kumsukumia, maana miwani yake imempotea wiki nzima sasa. Tena wewe fundi rangi hujawahi kuacha ukuta nusu. Basi na hii imalize.

Habari kubwa umeshaipata, lakini acha niiseme kwa mdomo wangu, kwa kuwa utamu wake haujaniisha. Tumekuwa mabingwa! Unakumbuka mwanzo wa msimu mwenyekiti wa klabu alinipa timu kwa muda tu, akaniambia bila kumung'unya maneno kwamba wanatafuta kocha hasa, mimi nishikilie usukani mpaka apatikane. Nikamjibu watafute taratibu, hakuna haraka. Jana ameniita ofisini, akaipangusa miwani yake ambayo haikuwa na vumbi, akasema hawatafuti tena mtu. Najivuna Baba, na sioni haya kujivuna. Nilicheza mpira wa kikapu nikalipwa, na sasa nalipwa kwa kuwapigia wenzangu kelele.

Na yote haya uliyaanzisha wewe. Ulikuwa umepewa kazi ya kuchora mistari ya uwanja wa shule yetu, ukaniachia ufagio nilinde rangi isikanyagwe mpaka ikauke. Mlinzi mimi nikachoka kulinda, nikaokota mpira. Uliporudi ulinikuta natupia kikapuni nikiwa nje ya mistari, sijakanyaga hata mmoja, ukacheka sana ukasema mtoto huyu miguu yake ina adabu. Mpaka leo nikiona mchezaji wangu anakanyaga mstari, mikono inanitafutia ufagio.

Kwa hiyo unaelewa kwa nini katika miaka yangu yote ya uwanjani nilikuwa na tamaa moja tu ambayo kombe haliwezi kuituliza: wewe ukae kwenye kiti unitazame. Ulikuja mara moja. Nikaruka, nikatua vibaya, goti likasema basi, na uchezaji wangu ukaishia pale. Daktari alikueleza kwa kirefu kwamba goti lilikuwa limechakaa siku nyingi kwa kuruka juu ya sakafu ngumu. Wewe ukamjibu kwamba yeye hakukuona ukiingia mlangoni. Tangu siku hiyo ukajiita mtu mwenye nuksi, ukaapa mguu wako hautakanyaga tena ukumbini.

Mama ameniambia mengine. Siku ya mechi yangu unazima redio, unachukua brashi, unapaka geti rangi. Sasa geti limenenepa mpaka halifungi, na majirani wanajua ratiba ya ligi kwa kunusa tu. Nilicheka mpaka machozi yakanitoka, kisha yakaendelea kutoka nikiwa sicheki tena.

Sasa tufike kwenye fainali. Asubuhi yake nilimpigia Mama, akasema uko nje na brashi yako, ila alisema haraka haraka kidogo. Nikashukuru, nikaenda kazini. Mechi ilikuwa ngumu kama jiwe. Katika robo ya mwisho tulikuwa nyuma kwa pointi moja, muda umebaki kiduchu, na mchezaji wetu mdogo kuliko wote, tunayemwita Sindano kwa wembamba wake, akachezewa rafu. Refa akampa mitupo huru miwili. Hapo mchezaji husimama mstarini peke yake, hakuna wa kumzuia, na ukumbi mzima unamkodolea macho.

Baba, kuna jambo sijawahi kukwambia. Mimi siwezi kuangalia mitupo huru. Wachezaji wangu wananitania kwamba nawanoa msimu mzima, halafu siku ya siku nawapa mgongo. Ni kweli. Nageukia jukwaani, nasubiri kelele ziniambie. Ndivyo nilivyofanya siku ile pia. Nikawa natazama nyuso za watu, juu mpaka chini, zote zimeelekea kikapuni.

Zote isipokuwa moja. Kule juu kabisa, karibu na mlango wa kutokea, palikuwa na mtu aliyevaa koti zito kwenye joto lile na kofia imemfunika mpaka masikioni, naye ameugeukia ukuta. Bega la kushoto limeshuka. Bega lile nimelifuata nyuma tangu utoto wangu, likiwa na ngazi juu yake. Sindano alitupa mara ya kwanza, watu wakapiga kelele, wewe hukugeuka. Akatupa ya pili, ukumbi ukalipuka, na mama mmoja asiyekujua akakukumbatia kwa nguvu mpaka kofia ikaanguka. Nilikuona unalia, Baba. Nikataka kupanda mbio, lakini wachezaji wakanivamia, na nilipochomoka hukuwepo tena.

Ulikuwa ndani, na tumeshinda. Najua utajitetea kwamba hukuangalia, kwa hiyo haihesabiki. Hata mimi sikuangalia, na kombe wamenipa. Hiyo unayoiita nuksi ni woga wa mtu anayempenda mwanawe, na kama ni ugonjwa, basi umeniambukiza.

Sasa liache geti likauke. Msimu ujao uje kwa mlango wa mbele, bila koti. Viti viwili nyuma ya benchi langu ni vyenu, nimeshamwambia mwenyekiti, na safari hii sikumwomba, nilimwarifu. Ikifika mitupo huru nitakugeukia, tutazamane sisi wawili. Mama hana woga. Yeye ataangalia kikapu, atuambie kama mpira umeingia.

Nisalimie majirani, uwape pole kwa harufu. Mama mkumbatie kwa niaba yangu, na umwambie uongo haumfai, arudi kwenye ukweli wake wa kawaida. Mungu akutunzie bega hilo.

Ni mimi binti yako,
mlinda rangi.